MNYOO HUMTANGULIA MKAMAJI

Waheshimiwa Wanachama,

Katika maswali yanayoletwa afisini kwetu, liko moja lisilohusu karafuu, nalo hurudi kila baada ya masika. Mwanachama husema: "Nilinunua mbuzi jike aliyetoka Singida. Alipofika alikuwa mzima, manyoya yang'aa na kiwele kimejaa. Masika yalipoingia maziwa yakapungua, kisha akavimba chini ya taya, kisha akafa. Je, ni jicho la watu, ni hewa ya huku, au niliuziwa mbuzi mbovu?"

Tumeona si vyema kulijibu swali hili mlangoni kwa mtu mmoja mmoja, maana mali inayopotea ni ya wengi. Mbuzi kwa mkulima wa karafuu si pambo la uwanja. Mikarafuu haizai sawasawa kila mwaka. Mwaka mmoja matawi huelemewa, na mwaka wa pili mtu huenda shamba na pishi akarudi na kibaba. Katika mwaka kama huo mbuzi ndiye nguo za skuli, ndiye akika, tena ndiye maziwa ya mtoto. Mbuzi akifa, nyumba nzima huhisi.

Basi jibu letu kwa ufupi ni hili: aliyemwua mbuzi ni mnyoo. Tena mnyoo huyo hakuanza kwa kuua, alianza kwa kula maziwa, na alikuwa akiyala muda mrefu mwenye mbuzi asijue. Wazee wamesema kikulacho ki nguoni mwako. Kimlacho mbuzi ki tumboni mwake. Lakini jibu fupi halimfai mfugaji mpaka ajue kwa nini mbuzi yule yule aliishi salama kule alikotoka akafa huku alikoletwa. Kwa hiyo yatupasa kuzitazama nchi mbili, ile anayotoka mbuzi na hii tunayomfunga.

IGUGUNO, NCHI YA JUA

Tuchukue mfano wa Iguguno. Hiyo ni kata katika Mkoa wa Singida, kando ya barabara kuu itokayo Singida mjini kuelekea Nzega na Mwanza. Zamani ilikuwa katika Wilaya ya Iramba, na tangu mwaka 2012 imo katika Wilaya mpya ya Mkalama. Wenyeji wa nchi ile ni Wanyiramba na Wanyisanzu, na Wanyaturu ni jirani zao. Hulima alizeti, mtama, uwele na mahindi, na hufuga ng'ombe, mbuzi, kondoo na kuku.

Nchi ile ni kavu. Mvua huja msimu mmoja tu, kiasi cha mwezi wa Desemba mpaka Aprili, na kwa mwaka mzima haizidi sana milimita 500 mpaka 800. Baada ya hapo ni jua na vumbi mpaka mwisho wa mwaka. Mimea yake mingi ni migunga na vichaka vya miiba. Mbuzi hutoka zizini asubuhi pamoja na mchungaji, hutembea mbali, na hula huku ameinua kichwa, akichuma majani ya vichakani kwa ulimi na midomo. Jioni hurudi bomani. Mahali alipokula leo huenda asile tena kwa siku nyingi.

Kwetu Pemba mvua ya mwaka hupita milimita 1,500. Tuna masika, tuna vuli, na hata baina yake majani hulowa umande kila alfajiri. Sisi twaiona tofauti hii kuwa neema, maana bila ya unyevu hakuna mkarafuu. Mnyoo naye huiona neema vile vile.

MNYOO MWENYEWE NA HESABU YAKE

Wako minyoo wa aina nyingi katika tumbo la mbuzi, lakini mwenye madhara makubwa katika nchi za joto ni yule ambaye wataalamu humwita Haemonchus contortus. Hukaa katika tumbo la nne la mbuzi. Urefu wake ni sentimita 2 au 3, mwembamba kama uzi, na mnyoo jike akitazamwa vizuri huonekana mwekundu na mweupe, kama kamba iliyosokotwa kwa nyuzi mbili. Wekundu ule ni damu ya mbuzi aliyoinywa, na weupe ni vifuko vya mayai yake.

Mnyoo mmoja hupoteza damu ya mbuzi kidogo sana kwa siku, kiasi cha sehemu 5 katika 100 za mililita moja, yaani kama tone moja. Mtu atasema, tone ni nini? Natufanye hesabu. Minyoo 1,000, idadi ambayo si ajabu kabisa wakati wa masika, huondoa mililita 50 kila siku. Hicho ni kikombe kimoja cha kahawa. Mbuzi wetu wa kienyeji mwenye kilo 25 ana damu isiyofika lita 2 mwilini mwake. Kwa mwezi mmoja minyoo hao watakuwa wamemwondolea lita 1 na nusu. Mwili wake utafanya kazi usiku na mchana kuirudisha damu ile, na siku utakaposhindwa, mbuzi ataanguka. Bandu bandu huisha gogo.

Mnyoo jike hutaga mayai 5,000 au zaidi kila siku, na yote hutoka pamoja na kinyesi. Mahali penye joto na unyevu, yai huanguliwa, na katika muda wa siku nne mpaka saba mtoto wa mnyoo huwa tayari kuingia katika mbuzi mwingine. Hupanda juu ya jani kwa kufuata maji ya mvua na umande, lakini hapandi mbali. Wengi hubaki chini ya kimo cha shibiri moja kutoka ardhini. Mbuzi akila jani lile, mnyoo humea tumboni, na baada ya wiki tatu hivi huanza naye kutaga. Hapo mzunguko umetimia.

Sasa wasomaji wataona kwa nini jua la Iguguno ni tabibu. Kinyesi kikianguka juu ya vumbi mwezi wa Agosti hukauka mara moja, na mayai na minyoo wachanga hufa kabla hawajakomaa. Na mbuzi anayekula juu ya kichaka hula mahali ambapo mnyoo hafiki.

Hata hivyo, tusidhani kuwa mbuzi wa Iguguno hana minyoo. Mvua za Desemba zikianguka, minyoo huzidi huko pia, na mbuzi huumwa. Tena mnyoo huyu ana hila. Kiangazi kinapokaribia, wengi wa wachanga wake hulala ndani ya ngozi ya tumbo la mbuzi, hawali damu wala hawatagi, wakingoja nchi ipate mvua. Watafiti walilieleza jambo hili mwaka 1998 kwa mbuzi na kondoo wa nchi kavu za Kenya. Basi mbuzi anayenunuliwa kiangazi mnadani huonekana mzima, na kweli siku ile ni mzima, lakini huenda amebeba tumboni jeshi lililolala. Tunampakia garini, tunamvusha bahari, tunamweka penye majani mabichi, na jeshi linaamka.

VIPI DAMU HUWA MAZIWA

Maziwa hayatoki katika majani moja kwa moja. Majani huwa chakula tumboni, chakula huingia katika damu, na damu hukipeleka kiweleni. Wataalamu wamekadiria kuwa ili kupatikana lita 1 ya maziwa ya mbuzi, damu iliyopita katika kiwele ni kama lita 500, maana damu ile ile huzunguka na kurudi mara nyingi. Basi damu ikiwa nyepesi, kiwele hupata kidogo. Na zaidi ya hayo, chakula kizuri ambacho kingekuwa maziwa huchukuliwa na mwili kutengeneza damu mpya mahali pa ile iliyonywewa.

Jambo ambalo twataka kila mwanachama alishike ni kwamba maziwa hupungua kabla ya dalili nyingine kuonekana. Mwaka 1993 wataalamu wawili wa Ufaransa, Hoste na Chartier, walichapisha habari za mbuzi wa maziwa waliotiwa minyoo makusudi ili wapimwe. Kwa jumla maziwa yalipungua kidogo tu, si zaidi ya 10 kwa mia. Lakini wale mbuzi waliokuwa na maziwa mengi kuliko wenzao walipoteza baina ya 13 na 25 kwa mia. Maana yake ni kwamba mnyoo humpunja zaidi mbuzi aliye bora. Mfugaji aliyekwenda mbali na kutoa fedha nyingi kununua mbuzi wa maziwa, mathalan wa kabila la Saanen, Toggenburg au wale wa Norway walioletwa Mgeta, Morogoro, katika miaka ya 1980, ana sababu kubwa zaidi ya kuogopa mnyoo kuliko mwenye mbuzi wa kienyeji.

Tena uko wakati ambao mbuzi jike hana ngao. Wiki chache kabla ya kuzaa na wiki kadhaa baada ya kuzaa, nguvu za mwili wake huenda kwa mtoto na kwa maziwa, na ile kinga iliyokuwa ikiwazuia minyoo hulegea. Minyoo hupata nafasi, hutaga kwa wingi, na mayai huanguka pale pale anapochezea mwanawe, ambaye bado hana kinga yoyote. Kwa hiyo nyumba hupata hasara mara mbili: mama hukaukiwa, na mtoto hudumaa.

KAMBA NDIYO KESI

Sasa tuje kwetu. Kisiwani hatuna mapori ya kuchungia. Mbuzi akiachiwa huingia katika mihogo ya jirani na ugomvi ukafika kwa sheha. Kwa hiyo wengi wetu huwafunga kwa kamba na kigingi chini ya mikarafuu au minazi. Hapo ndipo shida inapoanza. Mbuzi aliyefungwa hana hiari. Siku ya kwanza hula majani ya juu, siku ya tatu hula ya chini, na siku ya saba hutafuna mizizi palipo na kinyesi chake mwenyewe, wakati ule ule ambao minyoo wachanga wamekomaa na kupanda majanini. Kivuli cha mikarafuu huzuia jua, umande haukauki mpaka karibu na adhuhuri. Kwa mnyoo, duara la kamba ile ni pepo.

Mbuzi wa Iguguno hana kinga ya ajabu kuliko mbuzi wetu. Yeye hulindwa na jua la nchi, na urefu wa vichaka, na umbali anaotembea. Sisi hatuwezi kuhamisha jua la Singida, lakini kazi ya jua hilo tunaweza kuifanya kwa mikono yetu. Njia zake ni hizi.

Kwanza, hamisha kigingi. Katika visiwa vya Pasifiki, ambavyo vina joto na mvua kama kwetu, wataalamu walieleza mwaka 1994 jinsi walivyoigawa malisho ya mbuzi sehemu kumi. Mbuzi walikaa kila sehemu siku tatu na nusu, kisha wakahama, wasirudi mpaka mwezi mmoja umepita. Kwa njia hii mbuzi huondoka kabla mayai hayajakomaa, na hurudi baada ya minyoo wachanga wengi kufa kwa njaa, maana katika nchi ya joto hawaishi muda mrefu bila ya kupata tumbo la kuingia. Mwenye mbuzi wa kamba aweza kufanya vivyo hivyo bila ya gharama: achague mahali kumi, ahame mara mbili kila wiki, asirudi pale pa kwanza mpaka amezimaliza zote.

Pili, mlishe mbuzi juu. Kata majani ya mfenesi, ya mlusina au ya miti mingine anayoipenda, uyafunge fungu na kuyatundika usawa wa kichwa chake. Hiki ndicho kichaka cha Iguguno tulichokitengeneza sisi. Ikiwa kuna haja ya majani ya ardhini, yakatwe umande ukisha kukauka, na yasikatwe chini kabisa.

Tatu, jenga banda la kuinua, lenye sakafu ya fito zilizoachana kidogo, ili kinyesi kianguke chini na mbuzi asilale wala asile juu yake. Samadi ikusanywe lundo na iachwe ioze mpaka ipate moto. Moto ule huua mayai mengi ya minyoo. Kisha ipelekwe kwenye miche ya mikarafuu, ambako itafanya kazi njema. Samadi mbichi isimwagwe palipo na majani ya kulisha mbuzi.

Nne, mbuzi mgeni asichanganywe na wenyeji siku ile ile aliyofika. Akae bandani peke yake wiki mbili au tatu, alishwe majani ya kukatwa, na Bwana Mifugo aitwe amtazame na kuchagua dawa inayowafikia hata minyoo waliolala.

DAWA NA DESTURI YA KUIPOTEZA

Wengi watauliza, kwa nini tujisumbue hivi na dawa iko dukani? Hapa ndipo penye hatari kubwa kuliko zote.

Dawa ya kwanza katika aina zitumikazo sana leo, thiabendazole, ilianza kutumika mwaka 1961, na haikupita hata miaka mitano minyoo waliokuwa sugu kwake wakaonekana. Albendazole, ambayo wanachama wengi wanaijua, ni ya ukoo ule ule. Ivermectin ilikuja mwaka 1981, na wavumbuzi wake, Satoshi Omura wa Japani na William Campbell aliyezaliwa Ireland, walipewa tuzo ya Nobel mwaka 2015. Lakini nayo pia imekwisha kuzoewa na minyoo katika nchi nyingi. Katika Tanzania yetu, habari za minyoo wa kondoo waliokuwa sugu kwa dawa za ukoo wa thiabendazole zilichapishwa tangu mwaka 1991. Minyoo wakishakuwa sugu katika boma, usugu huo hauondoki kwa urahisi, na mwenye boma hubaki na chupa ambayo ni sawa na maji.

Usugu huletwa na mambo matatu. La kwanza ni kupunguza kipimo ili chupa ienee mbuzi wengi. Minyoo dhaifu hufa na wenye nguvu hubaki kuzaa. La pili ni kumpa mbuzi kipimo cha kondoo. Mwili wa mbuzi huiondoa dawa upesi kuliko mwili wa kondoo, na kwa dawa nyingi mbuzi huhitaji zaidi; kwa hiyo kipimo kiulizwe kwa Bwana Mifugo, kisikisiwe. La tatu ni kuwanywesha mbuzi wote kila mwezi, mgonjwa na mzima, hata hakuna mnyoo anayebaki ila yule aliyeishinda dawa.

Wataalamu wa Afrika Kusini walitoa njia iliyo bora katika miaka ya 1990. Huitwa FAMACHA, jina lililotokana na la daktari wa mifugo Faffa Malan. Njia yenyewe ni kutazama jicho. Mfugaji huvuta kope la chini la mbuzi mchana kweupe na kulinganisha rangi ya ndani na kadi yenye rangi tano. Nambari 1 ni nyekundu ya afya, nambari 5 ni nyeupe kama karatasi. Mwenye 1 na 2 haguswi. Mwenye 4 na 5 hupewa dawa siku hiyo hiyo. Mwenye 3, akiwa ana mimba, au ananyonyesha, au ni mtoto, naye hupewa. Katika kundi la mbuzi, wachache ndio waliobeba minyoo wengi; ukiwatibu hao umepunguza ugonjwa, na minyoo wanaobaki katika wengine, ambao hawajaizoea dawa, huchanganyika na wale sugu na kuifanya dawa idumu. Wakati wa masika jicho litazamwe kila wiki mbili.

Mambo mawili zaidi juu ya dawa. Albendazole isipewe mbuzi jike katika mwezi wa kwanza wa mimba. Na maziwa ya mbuzi aliyepewa dawa yasinywewe wala yasiuzwe mpaka zipite siku zilizoandikwa kwenye chupa au alizozitaja daktari. Mtoto wa mtu asinyweshwe dawa ya mbuzi katika kikombe cha chai.

WADUDU WENGINE

Si kila jicho jeupe ni la mnyoo huyu mmoja. Mbuzi anayefungwa mabondeni penye mpunga huweza kupata minyoo wa ini, ambao hupitia kwa konokono wa majini. Tumfunge penye mwinuko. Kupe nao hunywa damu, na baadhi yao huleta maradhi yanayojaza maji kifuani na kuuzunguka moyo. Wakaguliwe masikioni, chini ya mkia na katika kiwele. Watoto wa mbuzi wakiharisha katika banda lenye majimaji, huenda ni vijidudu vya utumbo viitwavyo koksidia, na hao dawa ya minyoo haiwafanyi lolote. Dawa yao ni nyingine, na kinga yao ni sakafu kavu. Upele unaomfanya mbuzi ajikune usiku kucha humkosesha kula na kulala, na kiwele hakijazwi na mbuzi asiyelala.

Ndugu Wanachama, mengi katika haya hayahitaji fedha. Kuhamisha kigingi ni kazi ya dakika tano, kutundika majani ni kazi ya mtoto aliyetoka skuli, na jicho la mbuzi hutazamwa bure. Vuli na masika hazitungoji. Kila mwenye mbuzi avute kope la mbuzi wake kesho asubuhi kabla ya kumkama, na akiona weupe aje afisini tumwelekeze kwa Bwana Mifugo, asiende kwanza dukani.

Wenu katika kazi,
KATIBU